Kura Haijaiva

Kaka yangu alirap kabla Othaya haijajua kurap ni nini, au ndivyo alivyojidai. Alirekodi sebuleni kwetu kwa redio kaseti, na kaseti zake, ambazo hakuna mtu wa nje aliyewahi kuzisikia, nilizitunza mimi dada yake katika mkebe mtupu wa mafuta ya kupikia.

Kuhusu kaseti nilikuwa mkali. Ukinakili, sauti inachuja. Ukinakili ile nakala, unabaki na mvumo kama mvua kwenye mabati. Mimi nilisikiliza ile ya kwanza tu, sikio limebanwa kwenye spika, na nilikuwa na raha isiyo kifani.

Kaka alipenda nakala, na alikuwa na sababu. Katika wimbo wake bora, wa mwanafunzi mwenye njaa, alisema, "Mama, nataka kula," na mama akamjibu kutoka jikoni. Nyumbani tulizungumza Gikuyu, lakini kwa kuwa ameombwa kwa Kiswahili, alijibu kwa Kiswahili: "Ngoja, haijaiva." Kwenye nakala, mvumo ulimfunika.

Basi mzee mmoja Mwislamu, mwenye duka la kaseti kando ya soko la Nyeri, akakubali kuusikiliza wimbo huo. Akiupenda, atauuza. Asipoupenda, kaka ataenda Kenol kumsaidia mjomba kuuza misumari. Baba alikuwa ameshasema. Nikakataa katakata tupeleke mvumo. Tulibishana hadi mlangoni, kaka akachoka.

"Haya, peana hiyo yako."

Mzee akaiweka, na spika ya nje iko wazi. Sasa, sisi wa huku milimani l na r hutuchezea shere. Kaka, kwa sauti safi isiyopungua hata chembe, akalitangazia soko zima: "Mama, nataka kura." Mama naye: "Ngoja, haijaiva."

Ilikuwa wakati wa kampeni. Wauza viazi walicheka hadi wakashika mbavu, wakataka irudishwe pale pale. Kaka alitamani ardhi immeze.

"Nitarekodi ingine," alisema. "Nitoe mathe."

"Ukimtoa mama yako, mwanangu, mimi sina wimbo wa kuuza," mzee akamjibu, huku anafuta machozi ya kicheko.

Nilifurahi mno. Jioni tukamwambia mama kwamba sauti yake itasikika mpaka Nanyuki. Alimgeukia kaka.

"Mimi sikujua unarekodi," alisema. "Nilijua uko na njaa."