Msomaji wa Mtaa wa Shaba

Katika mtaa wa wafua shaba mjini Kumbakonam, kusini mwa India, mwanamke aliyejua kusoma alikuwa mmoja tu, Visalam, na usidhani alilisahau jambo hilo hata siku moja. Baba yake, karani wa posta, alimwacha amalize darasa la tano kabla ya kumwoza kwa mfua masufuria, na hilo darasa la tano Visalam alilivaa kama wenzake walivyovaa mikufu ya dhahabu. Watoto hakujaaliwa. Kupika alipika ilimradi watu wale, na chumvi aliitia kwa kukisia. Lakini kila Alhamisi, gazeti la wiki lilipofika, aliisoma sura mpya ya hadithi asubuhi na mapema, na alasiri wanawake wakajaa barazani kwake, huyu na bamia zake za kukata, yule na mtoto kifuani, wakamsikiliza akisimulia. Hapo alikuwa malkia.

Hadithi iliyowashika kuliko zote ni ya tajiri wa mashamba ya chai aliyekutwa amekufa chumbani, mlango umefungwa kwa ndani. Wiki sitini na mbili mtaa mzima ulimsaka muuaji. Jirani yake Pechi, mwanamke mwenye sauti ya kuita ng'ombe aliyepotea, aliunguza wali mara mbili kwa ubishi wa nani kaua. Basi wiki ya mwisho, shemeji yake Visalam alilichukua gazeti kabla halijasomwa, akapanda nalo treni na kulisahau humo humo. Visalam alikimbia hadi duka la stesheni, akaambiwa yamekwisha.

Alasiri wanawake walikuja mapema, wamechana nywele na kuchomeka maua ya asumini. Angewaambia nini? Kwamba hajui? Visalam, asijue? Akakaa, akatunga. Muuaji, akasema, ni mama mzazi wa marehemu. Aligundua kwamba mwanawe anapanga kumwua mkewe, akamtilia sumu kwenye maziwa. "Nilikuleta mimi, nakuondoa mimi." Wanawake walilia mpaka kamasi. Miaka mitatu baadaye walikuwa bado wanamtaja yule mama kana kwamba anakaa mtaa wa pili.

Ndipo Thayamma, wa nyumba ya ubavuni, alipomwoza mwanawe, akaletwa bibi harusi kutoka Madurai, jina lake Kothai. Ndani ya sanduku lake, chini ya sari, mlikuwa na kitabu kinene. Mama yake alikuwa amezikata kurasa za hadithi ile ile gazetini, wiki baada ya wiki, kisha akazipeleka kujalidiwa, picha na kila kitu. Na binti alisoma kwa sauti, akiigiza kila mtu. Mzee alikohoa kizee, polisi alifoka kipolisi. Siku ya tatu tu, bamia zikahamia baraza la Thayamma, zikaanza hadithi upya tangu sura ya kwanza.

Roho ilimuuma Visalam, na tusifiche. Wivu ulimtafuna akila, ulimtafuna akifagia.

"Anasoma kama mchuuzi wa karanga," alimwambia mumewe.

"Mbona umebandika sikio ukutani, basi?"

"Nasikiliza kama panya wamerudi!"

Kilichomtia hofu zaidi ni sura ya mwisho. Siku ikifika, mtaa utajua kwamba msomaji wao aliwadanganya, na baraza lake halitakaliwa tena na mtu. Alikuwa angali anahesabu sura zilizobaki, mara likapita gari la ng'ombe lenye kipaza sauti: hadithi yao imefanywa sinema, inaonyeshwa mjini, na mtu asimwambie mwenzake mwisho!

"Sinema za siku hizi ni kuimba na kuzunguka miti," Visalam akawaambia. "Mtapoteza alasiri bure."

"Acha ipotee!" akajibu Pechi. "Nataka kumwona yule mama kwa macho yangu haya. Na wewe, dada, utakaa katikati yetu, maana hadithi ni yako."

Wakaenda, wanawake wanane, Kothai miongoni mwao, na vitafunio vya kukaanga wamevifunga katika nguo. Katika picha yule mama alionekana mara mbili tu, akilia. Muuaji alikuwa daktari.

Nje, juani, Pechi alisimama katikati ya njia. "Hebu ngoja. Daktari? Daktari katokea wapi? Visalam, yule mama ulimtoa wapi wewe?"

Visalam akainama kukaza fundo la vitafunio. Wote walimtazama.

"Hao wa sinema wamebadilisha, shangazi," akasema Kothai, wala hakupepesa jicho. "Kitabuni ni mama. Ninacho nyumbani."

Visalam alishusha pumzi. Hatua kumi mbele, moto ukawaka upya kifuani, mkali kuliko wa kwanza. Huyu mtoto alijua! Alijua tangu lini, na sasa amemfanyia hisani mbele ya watu!

"Basi kesho tusomee sura hiyo," Pechi akamwambia Kothai. "Nimewakasirikia hawa wa sinema."

Kesho yake Visalam aliwahi, akakaa bega kwa bega na Kothai. Kitabu kilipofunguliwa ukurasa wa mwisho, aliona wazi picha ya daktari amefungwa pingu. Kothai akaweka kiganja juu yake, akaanza "kusoma". Mama alichemsha maziwa. Mama aliyaonja ukingoni mwa bilauri kabla hajatia sumu, ahakikishe sukari inatosha, kwa sababu mwanawe alipenda tamu tangu utotoni. Alimchana nywele akinywa, kisha akangoja nje, mwanawe amejifungia mlango kwa ndani, mpaka akalala moja kwa moja.

Lile la sukari Visalam hangelitunga hata angepewa mwaka mzima. Wanawake walilia kuliko walivyolia kwake. Na yeye pia machozi yalimtoka, hata hakuweza kuyazuia, na hilo ndilo lililomchoma zaidi. Uongo ulikuwa wake, jasho lake, na sasa hata huo umechukuliwa na mwenye kuujua kuliko yeye.

Pechi alipenga kamasi kwa ncha ya sari. "Ndivyo hasa ulivyotusimulia, dada. Ila ile sukari uliisahau, eti?"

Kothai alimgeukia, akamtazama kwa upole. Visalam alitamani kuukwaruza ule upole kwa kucha.

"Ndiyo," akasema. "Niliisahau."