Mke Wangu wa Kwenye Sinema

Mwongozaji wa kwanza kunitazama alisema sura yangu imekaa kigomvi. Basi katika filamu zote nilizocheza sikuwahi kuwa mtu mwema. Nilikuwa mlanguzi, mwizi wa ng'ombe, mume mlevi. Huyo mume mlevi ndiye aliyetaka kuniponza.

Miaka ya sabini nilikuwa fundi baiskeli mtaa wa Soweto, Mbeya, na jioni nikicheza maigizo na kikundi chetu. Huko ndiko walikonikuta watu wa filamu kutoka Dar es Salaam. Walikuwa wanatengeneza picha ya kuwaonya wananchi juu ya pombe, ya kuzungushwa vijijini na gari la sinema. Mhusika mkuu alikuwa mwenyekiti wa kijiji. Mimi nilipewa mume anayeuza mahindi ya nyumbani ili akanywe. Mke wangu aliigizwa na muuguzi mmoja wa palepale mjini, na watoto waliolia mlangoni walikuwa wanawe wa kuwazaa.

Wakati huo nilikuwa nimechumbia mwalimu wa shule ya msingi, mwenyeji wa Kalenga, Iringa. Mshenga alishapeleka posa, wazee wakaipokea vizuri. Aliporudi kwa mazungumzo ya mahari, gari la sinema lilikuwa limeshamtangulia. Alikuja gereji kwangu uso umemshuka.

"Wamekataa."

"Kwa sababu ya ulevi?"

"Afadhali ingekuwa ulevi. Wanasema una mke na watoto. Kijiji kizima kimewaona."

Nilicheka. Yeye hakucheka. Baba wa mchumba wangu alikuwa katekista, na ile ndiyo sinema ya kwanza maishani mwake. Binti yake alijaribu kumweleza, akaambiwa amepumbazwa.

Nilikwenda kwa yule muuguzi, nikamsimulia. Akasema, "Twende. Ila mume wangu naye aje. Hili halimalizwi na mwanamke peke yake."

Tukapanda basi la Iringa, sisi watu wazima na watoto wao. Njiani wale watoto waliniita "baba mlevi", nikawasihi hadi Mafinga wasije wakalitamka neno "baba" kule tuendako.

Tulipoingia uani kwao Kalenga, bibi wa mchumba wangu alipiga ukelele. "Ndiye huyo! Na mkewe kamleta!"

"Kamwene, bibi," nikamsalimu kwa Kihehe. Akarudi kuketi kwenye mkeka wake.

Mzee alitukaribisha viti bila kutabasamu. Mume wa muuguzi, dereva wa lori mpole, alisimama kwa adabu.

"Shikamoo, mzee. Huyu mama ni mke wangu, tulifunga ndoa kanisani. Na watoto hawa ni wangu. Huyu bwana nilimwazima tu."

"Ulimwazima mke?"

"Kwa kazi ya mchana, mzee. Jioni alirudi kupika."

Mzee aliwatazama watoto, akamtazama dereva, akarudi kwa watoto. "Masikio ni yako," akakiri. Kisha akanigeukia. "Na pombe?"

"Ulikuwa uji mwembamba, baba."

"Na lile kofi ulilompiga huyu mama kwenye sinema?"

"Hakunigusa," muuguzi akadakia. "Alipiga kiganja chake mwenyewe. Hebu waonyeshe."

Nikainua mkono, yeye akageuza shingo, nikapiga kiganja changu paa! Bibi akaruka kwenye mkeka wake. Akanikazia macho, kisha akacheka mpaka akajifuta machozi kwa kanga, na kucheka kwake kukamwambukiza mzee.

Wakaleta ugali na kuku. Mchumba wangu alitoka jikoni kuninawisha mikono, akanong'ona, "Usithubutu kuigiza padri." Mzee alitaja mahari kabla sahani hazijaondolewa, na harusi ikapangwa baada ya mavuno.

Katika basi la kurudi Mbeya mtoto mdogo alinilalia mapajani. Dereva alikuwa ananieleza jambo kuhusu breki za lori lake. Sikulisikia mwisho wake. Usingizi niliokuwa nimeukosa tangu siku mshenga alipokuja gereji ulinichukua, na hawakuniamsha mpaka tulipofika.