Mwigizaji Aliyepona Magu

Kichupa chenyewe ni cha mti, hakizidi kidole gumba, na marashi yake yalikauka zamani. Lakini juzi, nikitafuta sindano kabatini, nilikifungua, harufu ya waridi ikanijia, na nyuma yake, sijui kwa nini, harufu ya dizeli ya jenereta. Nikasahau sindano. Kaeni niwaeleze.

Baba alikuwa msimulizi wa gari la sinema pale Mwanza. Enzi zile za Ujamaa gari hilo lilizunguka vijijini na filamu za kilimo cha pamba na uchimbaji wa vyoo, na watu walizivumilia kwa adabu wakingojea filamu ya hadithi. Hiyo ilitoka nchi rafiki, na waigizaji wake walisema lugha ambayo hakuna aliyeijua, Baba akiwemo. Yeye alishika kipaza sauti na kusimulia. Tangu Mama afariki katika hospitali ya Sengerema hakukuwa na mtu wa kuniachia, kwa hiyo nilisafiri naye, nikisinzia juu ya masanduku ya mikanda ya filamu.

Mwaka ule filamu ilikuwa ya Bulgaria. Mwigizaji wake, Bi Stoyanka, alikuwa na nyusi nene na mwendo wa mtu aliyezoea kubeba maji. Aliigiza mwalimu wa kijiji cha milimani, aliyeuguza watoto wa wenzake mpaka akaugua yeye. Katika mkanda wa mwisho alikufa. Hilo aliniambia dereva wetu, kwa siri, maana Baba hakuuonyesha mkanda huo hata mara moja. Zamu yake ikifika alizima mashine na kutangaza, "Ndugu zangu, mwalimu akapona, akarudi kufundisha." Akina mama walipiga vigelegele, watu wakaenda kulala. Mimi nilimwona Baba mwongo hodari, nikajivunia.

Kisha ikaja habari kwamba Bi Stoyanka mwenyewe anakuja na ujumbe wa urafiki, na atapelekwa Magu kuona wakulima wakiitazama filamu yake. Afisa utamaduni alimwagiza Baba aionyeshe yote, mpaka mwisho. Siku zile Baba hakula vizuri. Akiionyesha yote ataumbuka mbele ya watu wa Magu, ambao alikwisha kuwaambia mwalimu alipona. Akiikata, kazi hana. Nilimwonea huruma sana kwa hayo mawili, wala sikujua kama kuna la tatu.

Mgeni aliketi mbele, kwenye kiti cha mwenyekiti wa kijiji. Alionekana mtu mzima kuliko yule wa kwenye kitambaa cheupe cha sinema. Mkanda wa mwisho ukaanza. Mwalimu yuko kitandani, mume wake amesimama mlangoni na mtoto. Muuguzi akavuta shuka, akamfunika uso. Hapo sauti ya Baba, ambayo haikuwahi kukwama hata mvua ikitunyeshea, ikakwama. Tukabaki tunasikia jenereta. Afisa akageuka kumtazama. Ndipo Baba akasema taratibu, "Amelala. Amechoka."

Hakuna aliyecheka. Mama Limi, mkulima wa pamba mwenye maneno mengi kuliko redio, aliinuka na kuku aliyemletea mgeni, akaenda moja kwa moja hadi kwenye kile kiti.

"Pole, mayu," alisema, akimwita mama kwa Kisukuma. "Tulisikia unaumwa. Leo tumekuona mzima." Kisha akatugeukia sisi wote. "Si msimulizi alituambia amepona? Huyu hapa. Mnataka nini tena?"

Vigelegele vilifunika jenereta. Afisa naye alijikuta anapiga makofi.

Mkalimani alipomweleza, Bi Stoyanka alicheka, halafu akalia, kuku akiwa mapajani. Alisema yeye ni binti wa mchunga kondoo, alikwenda mjini kuigiza jukwaani akiwa msichana, na tangu aingie kwenye sinema wamemuua karibu katika kila filamu, mara kwa risasi, mara kwa homa, mara kwa kuzama mtoni. Mama yake mzazi aliacha kabisa kwenda kumtazama. "Nikirudi nitamwambia kuna mahali nimepona," alisema. Akafungua mkoba, akanipa mimi kichupa hiki.

Miaka mingi nilisimulia kisa hiki ili watu wawacheke wa Magu kwa ushamba wa sinema. Mshamba nilikuwa mimi. Mama Limi huyo huyo alikuwa akiviigiza vifo vya sinema shambani, akijibwaga kati ya mistari ya pamba mpaka wenzake washike mbavu. Alijua vizuri kwamba wa sinema hafi. Alijua pia kwamba Baba alifiwa na mke, na sauti ile aliitambua.

"Amelala. Amechoka." Ndivyo Baba alivyoniambia mlangoni pa wodi kule Sengerema, nilipomuuliza kwa nini Mama amefunikwa uso. Mkanda ule alikuwa akinificha mimi, niliyelala juu ya masanduku. Kuku alipewa mgeni, lakini ile pole naamini ilikuwa ya Baba, na kidogo yangu.