Mama Analia Arudishwe Nyumbani, Nikampeleka, Hakuitambua Nyumba

Admin, nifichie jina, ndugu zangu wako humu.

Mimi ni mama wa miaka arobaini na mbili, nimeolewa hapa Moshi mjini. Baba alishatangulia, tukamzika migombani nyuma ya nyumba, kijijini Kibosho. Mama akabaki pale na ng'ombe wake, hataki kusikia habari ya kuhama.

Ugonjwa wa kusahau ulianza taratibu. Anabandika ndizi jikoni, anaondoka. Mwaka jana jirani alimkuta korongoni amelowa, amepotea njia ya kanisani, njia aliyopita tangu aolewe. Nikamchukua. Siku tunafunga ile nyumba alikaa kwenye gari akiniuliza tunamsubiri nani.

Sasa kwangu, kila jioni anafunga khanga zake kifurushi, anasimama getini. "Nirudishe nyumbani, mume wangu anatoka shamba hajala." Geti nimelipiga kufuli. Analigonga mpaka mikono inavimba. Asubuhi moja akaniamkia shikamoo. Mama yangu mzazi. Nikakimbilia bafuni nikalia.

Mdogo wangu wa kiume, wa mwisho, ambaye kimila ile nyumba ni yake, yuko Mwanza. Akipiga simu ni, "Dada, umemfunga mama kama mfungwa. Mrudishe Kibosho, tumwekee msichana wa kazi, afie kwake karibu na mzee."

Basi mwezi uliopita nikampeleka. Nikamkalisha kwenye kiti chake. Akaangalia kuta, akaninong'oneza, "Twende, wenye nyumba watatukuta." Nikamwonyesha kaburi. Akauliza ni la nani. Nilipomwambia ni la baba, alilia kama amefiwa siku ileile. Akatulia, kisha akaomba tena nimrudishe nyumbani.

"Nyumbani wapi, mama?"

"Uru, kwa mama."

Uru ndiko alikozaliwa. Bibi alifariki mimi sijazaliwa.

Nimemweleza mdogo wangu, haelewi. Wiki ijayo anakuja kumchukua. Mume wangu anasema nimwachie, nimekonda mno. Na ukweli ni kwamba kuna upande wa moyo wangu unataka aende nipumzike, na huo ndio unaonitesa. Akipotea tena huko korongoni nitamwambia nini Mungu?

Mliouguza wazazi wa hali hii, msinitukane. Nimwachie mama aende, au nisimame mlangoni nimkatalie mdogo wangu? Nisaidieni kabla hajafika.