Mjapani Aliyekunywa Maji Yangu

Siku ya mwisho ya amani ninayoikumbuka vizuri ni siku ya kunywesha ngamia kule Biliqo. Kiangazi kilikuwa kimekaza, maji ya mto Ewaso yamejificha chini ya mchanga, na sisi tumechimba visima. Rafiki yangu Jirma alikuwa ndani ya kisima, maji yakimfika magotini, akinirushia ndoo ya ngozi. Mimi nilikuwa juu, naipokea na kuimwaga kwenye hori. Alikuwa ananitukana kwa kuimba, kwamba nina mikono ya bibi harusi, na ngamia watazeeka wakiningoja. Nilikuwa natafuta jibu wakati baba yangu alipotuinulia mkono tunyamaze.

Mtu alikuwa anakuja peke yake, midomo imepasuka kwa kiu. Tulijua anatoka kwa watu tuliopigana nao miezi miwili tu nyuma. Kijana mmoja alishika mkuki. Baba alijaza kikombe, akanywa yeye kwanza funda moja, akakiweka chini, akarudi nyuma hatua saba au nane. Yule mtu akaja, akanywa chote, akaketi. Alikaa na sisi mpaka jioni na hakuna aliyemgusa. Ndivyo tulivyolelewa. Ukimnywesha mtu kwa chombo chako, hadhuriki akiwa mbele ya macho yako, hata kama jana alimwua ndugu yako. Hatukuhesabu jambo hilo kuwa wema. Tulilihesabu kuwa kawaida, kama vile kumfunga ndama mama yake akikamuliwa.

Baada ya wiki chache tulishuka Isiolo kuuza madume. Sokoni kulikuwa na meza, bendera, na ofisa wa kuandikisha askari. Mkalimani wake alipaza sauti: Mjapani amemeza Malaya, amemeza Singapore, amemeza Burma, sasa anabisha hodi India. Akiipata bahari yote atashuka Mombasa, na kutoka Mombasa mpaka visima vyenu ni safari tu.

Jirma alicheka mpaka watu wakageuka. "Abbo, jamani, mtu atoke huko kote aje kunywa maji ya chumvi ya Ewaso? Huyo ni adui ama ni mgonjwa?"

Tulijiandikisha hata hivyo. Sitawadanganya kwamba tulikuwa tunatetea kitu. Wazee wa mjini waliopigana vita ya kwanza walikuwa wanatembea vifua mbele, na sisi tulitaka viatu kama vyao. Jirma alikuwa ameoa msimu wa mvua uliotangulia. Mkewe Kabale alitusindikiza hadi kwenye lori, akamfunga mumewe kitambaa shingoni, na hakulia mbele ya watu.

Tulifundishwa hapa nyumbani, tukafundishwa tena Ceylon, kisha tukapelekwa Burma. Nilichokuta huko ni msitu, matope, ruba na homa. Sikuwa nimewahi kuona mahali ambapo jua linazuiwa na majani. Mjapani naye hakuwa tena yule aliyemeza nchi. Alikuwa anarudi nyuma kuelekea mto Chindwin, ana njaa, anaacha wagonjwa wake njiani. Tulipita maiti nyingi ambazo hakuna risasi iliyozigusa. Ilifika wakati hatukusimama kuziangalia.

Mimi walinifanya msoma nyayo. Mtu aliyezoea kumtambua ngamia wake kwa alama ya mguu mmoja kati ya mia hapati shida na matope. Mjapani alikuwa anavaa kiatu cha kitambaa kilichotenga kidole gumba, alama yake kama kwato, na mtoto angeitambua. Kapteni wetu tulimwita Bwana Mluzi, kwa sababu alikuwa anapiga mluzi akisoma ramani. Alizungumza Kiswahili cha jeshi, na alinipenda. Nataka hilo lijulikane. Mimi pia nilimpenda.

Siku hiyo tulikuwa doria ya watu wanane, mwendo wa siku mbili kutoka kambini. Jirma alikuwa nyuma kabisa, analinda mgongo wetu. Nilikuta nyayo mpya. Mtu mmoja anaburuta mguu wa kushoto na anatumia fimbo. Kando yake kuna mwingine mwepesi, anamwegemeza. Mbele kidogo yule mwepesi alikuwa ameachana naye na kupanda mlimani.

Nilimwambia Bwana Mluzi kuna mmoja, mgonjwa, yuko karibu.

Wa pili sikumtaja. Nilijua ninachofanya, au niliona najua. Kwetu, mwenzake akiona mgonjwa amekunywa na hajaguswa, atashuka mwenyewe. Ukimwinda atakimbia au atapiga. Nilisema moyoni, ngoja anywe kwanza.

Mgonjwa alikuwa chini ya mti ulioanguka, na bunduki. Bwana Mluzi alimtaka hai, apate habari.

"Guyo, wewe nataka jaribu kuita yeye?"

"Ndiyo, afande. Lakini akitoka, ni wangu. Nampa maji yangu."

"Iko sawa. Nasikia."

"Afande, nikimpa maji hatauawa. Kwetu iko namna hiyo."

"Nimesema nasikia, Guyo."

Nilisimama peupe. Nikafungua chupa yangu, nikamimina kikombe, nikanywa funda moja aone. Nikakiweka kwenye jiwe, nikarudi nyuma.

Nilihesabu pumzi zangu.

Bunduki ilitupwa nje kwanza. Kisha mikono. Kisha kijana mmoja, mifupa na ngozi, macho makubwa. Alitambaa mpaka kwenye jiwe na kunywa kwa mikono miwili. Akainama mbele yangu mpaka paji la uso likagusa matope. Nilimwinua. Alikuwa mwepesi kuliko mbuzi. Jirma alikuwa ameitwa mbele, akayaona yote hayo, akatabasamu.

Tulikuwa na mwongoza njia Mburma aliyejua maneno ya Kijapani. Alimwuliza, kijana akajibu. Wenzake wamevuka mto siku nne nyuma. Yeye ameachwa. Hajui mizinga iko wapi, hajui chochote. Bwana Mluzi alikunja ramani.

"Hii hapana saidia sisi. Hapana weza kubeba."

"Nitambeba mimi, afande. Mgongoni."

"Siku mbili, Guyo? Halafu sisi napigwa njiani kwa sababu ya huyu?"

"Afande, amekunywa maji yangu."

"Toka hapo. Hii ni amri."

Alimwamuru koplo. Kijana alikuwa ananiangalia mimi, si bunduki.

Ilichukua risasi moja.

Bwana Mluzi alinigonga begani, akaniambia kazi nzuri, wewe iko na akili sana. Nilitaka kumpiga. Sikumpiga. Nilitaka kulia, hilo nalo sikulifanya. Nilikumbuka yule wa pili mlimani, ambaye bila shaka alikuwa ameona yote, na hapo ndipo nilipofanya kosa ambalo halina mtu mwingine wa kulibeba. Nilinyamaza tena. Mara ya kwanza nilinyamaza kwa sababu niliamini. Mara hii nilinyamaza kwa hasira. Nilisema, huyu hamtampata kupitia kwangu.

Tulitembea saa mbili, tukapiga kambi juu ya kijito. Jirma hakuniongelesha njia nzima. Nilipomkaribia alisema neno moja tu:

"Ulimnywesha, Guyo."

"Si mimi niliyempiga."

"Ulimnywesha," akarudia, akahamisha blanketi lake upande wa pili.

Ningeweza kumwambia wakati ule kwamba kuna wa pili. Mdomo ulikuwa wangu. Lakini kumwambia ni kukiri kwamba nilificha, na tayari alikuwa ananitazama kama mtu aliyefanya uchafu. Niliona aibu. Nikajiambia nitamwambia asubuhi, akipoa.

Jeshini maji yalichotwa na watu wawili. Mmoja anajaza chupa, mwingine anasimama na bunduki. Tangu Ceylon, wawili hao walikuwa mimi na Jirma. Asubuhi hiyo alikusanya chupa zote bila kuniita. Nilimwona akishuka peke yake. Niliinuka, kisha nikaketi. Nilisema, mwache, akirudi hasira itakuwa imeisha.

Tulisikia mlio mmoja.

Nilikimbia bila viatu.

Alikuwa ameanguka kifudifudi, chupa zimetawanyika kwenye maji, nyingine bado zinajaa. Alikuwa amekwisha kufa. Hakuwa na nafasi ya kusema neno.

Yule Mjapani mwepesi hawakumtafuta kwa shida. Alikuwa ameketi ng'ambo ya kijito, bunduki tupu magotini, hajaribu kukimbia. Risasi ilikuwa hiyo moja. Wenzangu walimmaliza, na sikugeuza kichwa kuangalia.

Tulimzika Jirma hapo hapo. Nilimsomea nilichokijua. Bwana Mluzi alivua kofia, akaandika kitu kwenye daftari.

Vita ilipokwisha tulikuwa tumerudishwa nyuma, India. Tuliambiwa miji miwili ya Wajapani imeteketezwa, kila mmoja kwa bomu moja, na mfalme wao amewaambia wasalimu amri. Watu waliimba siku nzima. Baadaye niliwaona mateka wa Kijapani nyuma ya waya, wengi, wamepangwa kwenye foleni, wanapewa chai na wali. Askari wa Kizungu alikuwa anawapa sigara. Nilisimama pale mpaka nikafukuzwa. Wa kwangu, yule wa kikombe, alitoka mapema mno, kabla ya amri ya wakubwa.

Nilirudi Isiolo na viatu. Kabale alikuwa amekataa kurithiwa na shemeji yake mpaka asikie kutoka kwangu. Nilimwambia Jirma alikufa vitani, anamkabili adui, na mimi ubavuni mwake. Aliniuliza kama aliteseka, nikasema hapana. Hilo la mwisho lilikuwa kweli. Aliolewa, akafiwa tena, akafungua hoteli ndogo karibu na soko la mifugo. Mimi niliingia kwenye biashara ya kusafirisha ng'ombe, na karibu kila asubuhi nilikuwa nakunywa chai kwake. Alikuwa ananiita Abba Dida, yaani baba wa Dida, mwanangu wa kwanza, na kikombe changu alikuwa anakileta mwenyewe.

Katikati ya miaka ya sabini gari la watalii lilisimama kwenye kizuizi cha barabarani, likielekea kaskazini kuona wanyama. Mzungu mmoja mzee aliuliza kama kuna askari wa zamani wa Burma. Watu wakamleta kwa Kabale. Kabla sijamtambua uso nilisikia mluzi.

Alinikumbatia. Sikatai, nami nilimkumbatia. Aliketi na mkewe, akaagiza chai ya watu wote, akaanza kusimulia kwa Kiswahili chake kile kile ili hoteli nzima isikie.

"Guyo hapa! Nakamata Mjapani na kikombe ya maji! Anaweka maji hapo, Mjapani anatoka kama panya. Ujanja kama hiyo mimi hapana ona tena maisha yote!"

Watu walicheka. Mmoja alinipiga mgongoni.

"Haikuwa ujanja, afande," nikasema. "Nilimpa neno. Na wewe ulisema unasikia."

Alinitazama kama mtu anayejaribu kukumbuka bei ya kitu. "Ah, Guyo. Ile ilikuwa vita." Kisha akauliza, kwa upole kabisa, "Na ile rafiki yako, ile nakufa kesho yake kwa mto, peke yake. Jina yake nani?"

Kabale alikuwa amesimama nyuma yake na birika.

"Jirma," akasema.

Bwana Mluzi aliitikia kwa kichwa, ndiyo, Jirma, mtu mzuri. Walipoondoka alinipungia mkono mpaka gari likapotea. Sidhani alikuwa mtu mbaya. Ndiyo maana inauma. Alinichukulia neno langu, akalitumia, na kwa miaka thelathini alikuwa analisimulia nyumbani kwake kama kichekesho.

Kabale alifunga mlango wa hoteli mchana ule, jambo ambalo sikuwahi kumwona akifanya siku ya soko. Aliketi mbele yangu.

"Abba Dida, amesema mto. Amesema peke yake. Wewe uliniambia vitani, na wewe uko hapo kando."

Nilimweleza yote, kama nilivyoeleza hapa.

"Ulijua wako wawili?"

"Nilijua."

"Kumficha huyo Mzungu, hiyo nimeelewa. Hata mimi ningemficha. Lakini Jirma? Mbona hukuambia Jirma?"

"Niliona aibu."

"Aibu," akasema. Alikunja na kukunjua pembe ya shuka yake. "Kwa hivyo alikufa akiwa amekukasirikia."

"Ndiyo."

"Na hakuna mtu alikuwa karibu na yeye."

"Hapana. Hakukuwa na mtu."

Hakupiga kelele. Ningependa angepiga. Alisema tu kwamba miaka yote hiyo, kila akifikiria kifo kile, alikuwa anajituliza kwa kitu kimoja, kwamba Guyo alikuwa hapo, na Jirma alimwona.

Niliendelea kwenda kwake. Kikombe changu kililetwa na msichana wa jikoni, na sikuuliza kwa nini. Sasa ni miaka ya themanini, wenzangu wa Burma waliobaki hapa mjini hawafiki kumi, na Kabale mwenyewe tulimzika mwaka jana. Kabla hajafa aliniita nyumbani kwake Burat. Nilimwomba anisamehe.

"Ile uongo uliniambia, nimekusamehe," alisema. "Hata hiyo risasi ya mtoni, nimekusamehe, kwa sababu wewe pia walikudanganya. Lakini ile asubuhi uliinuka halafu ukakaa chini, hiyo si yangu kusamehe. Mwenyewe alibaki huko."