Aliyeuliza Saa kwa Mgeni

Meli iliondoka saa kumi na moja kamili jioni, kwa saa zake. Watu wanane waliopaswa kuwa ndani yake walibaki gatini. Aliyewachelewesha ni mama wa miaka arobaini na sita ambaye, kwa miaka kumi na mmoja ya kuongoza wageni, hakuwahi kuchelewesha mtu hata dakika moja.

Miezi minne imepita. Saa tatu asubuhi, mama huyo anafagia ukumbi wa nguzo katika magofu ya mji wa kale, kilomita sabini kutoka bandarini. Anafagia akirudi kinyumenyume ili asikanyage alipokwisha kusafisha. Nguzo zimebaki kumi na tisa. Ana majani makavu ya kuzoa, kinyesi cha popo, na vifuniko vya chupa walivyoacha wageni wa jana.

Kundi la wageni saba linaingia. Mbele yao yuko mwongozaji wao, mwalimu mstaafu ambaye waongozaji wenzake humwita Ticha, kitambulisho kifuani, karatasi mkononi na miwani puani.

"Hapa," Ticha anasoma, huku akionyesha shimo kubwa la mawe, "ndipo malkia alipokuwa akioga."

Fagio linasimama. Mama anajiuma mdomo mpaka kundi linapinda kona, kisha anaguna.

"Malkia gani wa kuoga na vyura? Hilo ni tangi la maji ya mvua. Nimelitoa tope mimi, kwa mikono hii, ndoo mia mbili na zaidi. Mfereji wa kuingizia maji huu hapa, tazama mwenyewe. Tungekuwa na malkia mwenye bafu la kina hiki, angekuwa ameshazama."

Mbona basi hakumsahihisha Ticha mbele ya wageni?

"Yeye ana kitambulisho," anajibu. "Mimi nina fagio."

Nje ya lango, dereva wa kundi hilo anafuta vumbi kwenye kioo cha basi lake dogo la viti vinane vya wageni. Dereva huyo ni mumewe.

Mama huyu aliacha shule darasa la sita, baba yake alipovunjika mguu na nyumba ikahitaji mikono. Akiwa na miaka ishirini na sita alipata kazi ya kufagia magofu. Alifagia miaka tisa. Wataalamu walikuwa wakija kuchimba, yeye akiwabebea udongo kwenye karai, na masikio yake hayakuwa na kazi nyingine.

"Walikuwa wakibishana mbele yangu kama vile mimi ni jiwe," anasema. "Huyu anasema ukuta ni wa zamani, yule anasema umeongezwa baadaye. Mimi nasikiliza tu, nabeba udongo. Jioni namsimulia Baba Watoto, ananiambia nimesoma kuliko yeye."

Enzi hizo mtihani wa kuongoza wageni ulikuwa wa mdomo. Unatembea na wazee wawili wa makumbusho, wanauliza, unajibu. Yeye aliwajibu mpaka mmoja akatoa kalamu akaanza kuandika. Akapewa kitambulisho. Mumewe, aliyekuwa akiendesha lori, akauza shamba la urithi, akanunua basi dogo. Kuanzia hapo wakawa kampuni ya watu wawili: yeye anaongea, mume anaendesha.

Kazi yenyewe ni hivi. Meli ya watalii inafunga kamba asubuhi. Wageni wengi huchukuliwa na mabasi makubwa yaliyokodiwa na meli yenyewe. Wachache, wasiopenda kuswagwa kama kondoo, hutafuta basi dogo la watu wanane. Tofauti ni moja, na ndiyo inayowanyima usingizi wenye mabasi madogo: basi la meli likichelewa, meli inalisubiri. Basi dogo likichelewa, meli inaondoka.

"Sisi hatuuzi magofu," anasema mumewe. "Magofu yapo, hata mbuzi anaingia. Sisi tunauza kurudi."

Na kurudi kuna mtego wake. Meli husafiri na saa zake. Bandari inaweza kuwa nyuma kwa saa moja, nahodha akaamua saa za melini zibaki kama zilivyo. Kwa hiyo kila basi dogo pale bandarini lina saa ya ukutani iliyoning'inizwa nyuma ya kiti cha dereva. Kila asubuhi dereva hutembea mpaka chini ya ngazi ya meli, humuuliza mlinzi saa ya meli, hurudi na kuiweka saa ile mbele ya wageni. Mgeni haulizwi kamwe. Simu ya mgeni ikinusa mtandao wa nchi kavu hujibadilisha yenyewe, na mwenyewe hana habari.

Siku ile tairi la nyuma liliishiwa upepo. Wageni wanane walikuwa wameshapanda, jua linapanda nao, dereva yuko chini ya gari anahangaika na jeki. Mkewe akatazama saa ya ukutani. Haijawekwa.

"Nilitaka kwenda kwa mlinzi," anasema. "Ni hatua mia tatu tu, wala si mbali. Nikasema, ah, watu si hawa hapa wametoka melini sasa hivi?"

Akamuuliza bibi mmoja aliyekaa nyuma ya kiti cha dereva. Bibi akatoa simu, akaangalia, akamtajia. Ililingana na simu yake mwenyewe. Hilo halikumshtua, maana meli nyingi hufuata saa za bandari. Akapanda kwenye kiti, akaiweka saa ya ukutani. Mumewe alipoingia akijifuta grisi, akaiona imewekwa, akajua mambo yako sawa. Akawasha gari.

Saa ile ilikuwa nyuma ya meli kwa saa nzima.

Kuna jambo hulisimulia kwa shida. Katika kundi lile alikuwemo mzee, fundi seremala mstaafu, aliyevaa saa ya mkono ya kukaza kwa kidole. Saa ya mzee ilikuwa sahihi. Njiani aliitazama, akatazama ya ukutani, akaitazama yake tena. Kisha akakivuta kipini chake cha kukazia, akairudisha nyuma kwa saa moja.

"Nilimwona kwa macho yangu," anasema. "Nikadhani anaitia funguo. Mzee wa watu aliniamini mimi kuliko mkono wake."

Kawaida huwarudisha wageni saa nzima kabla ya mlango wa meli kufungwa. Siku ile mlango ulikuwa wa kufungwa saa kumi na nusu, kwa hiyo alipanga kufika saa tisa na nusu. Lakini wageni wale walikuwa wazuri. Walikuwa wanauliza. Seremala alipiga magoti mbele ya mlango wa mawe, akapapasa tundu la bawaba, akataka kujua mlango wa mbao ulikuwa unene gani. Mama akatazama saa, akaona muda upo. Akawapa nusu saa ya ziada.

Walifika gatini saa kumi na dakika tano. Kwenye meli ilikuwa saa kumi na moja na dakika tano.

Meli ilikuwa imeshaachia kamba, ipo mita mia mbili majini, inageuza pua. Abiria waliokuwa juu waliliona basi na wale watu wanane wakishuka mbio, wakawapungia mikono kwa furaha. Walidhani wanaagwa.

Wakala wa meli akaja na bahasha ya kaki. Ndani yake kulikuwa na pasipoti nane, zilizotolewa vyumbani mwao.

"Kabla sijaiona ile bahasha, nilikuwa nasema labda meli itarudi," anasema mama. "Meli nayo si ina breki? Nilipoona pasipoti, nikajua imekwenda."

Bibi wa simu alianza kulia akisema kosa ni lake. Mama akamshika mabega. "Hapana, bibi. Wewe uliulizwa, ukajibu. Mimi ndiye niliyekosea wa kumuuliza."

Mumewe alizunguka gari, akapiga teke matairi yote manne kuyapima, akajaza mafuta. Bandari iliyofuata ilikuwa kilomita mia tatu na kumi kwa barabara, na dawa za moyo za seremala zilikuwa zimebaki melini. Walisafiri usiku kucha. Asubuhi, meli ilipofunga kamba huko, watu wanane walikuwa wamesimama wanaisubiri. Seremala alimpa mama mkono. Wengine watano pia. Wawili walipita kama hawamjui, na mmoja wao akaandika barua ya malalamiko.

Kamati ya wasafirishaji wa bandari iliwaita. Kabla mkewe hajafungua mdomo, dereva alisimama.

"Saa ni kazi ya dereva," akasema. "Mimi ndiye niliyeiweka."

Akasimamishwa siku tisini, katikati ya msimu wa meli.

Nje ya ofisi mkewe alimvuta shati. "Baba Watoto, umesema nini mle?"

"Nimesema nilichosema."

"Saa ile niliiweka mimi!"

"Punguza sauti. Kibali changu kinarudi baada ya siku tisini. Chako hakirudi. Siku hizi kitambulisho kikichukuliwa, kukipata tena ni mtihani wa kuandika, karatasi mbili. Wewe utaandika nini, Mama Watoto? Tuambizane ukweli."

Neno hilo, anasema, lilimkaa kifuani kama mwiba wa samaki. Mume anamlinda, halafu hapohapo anamwona hawezi.

Alinyamaza siku ishirini na tatu. Mumewe, mtu wa miaka hamsini na minne, akaenda kubeba mifuko ya saruji kwenye ghala. Akawa anarudi ameshika kiuno, anatembea kama aliyemeza ufagio.

"Mgongo huo si wa saruji," mke anamwambia huku akimkanda kwa maji moto.

"Mgongo haujui kusoma," mume anajibu. "Hautambui ni saruji. Unadhani nimekubeba wewe siku ya harusi."

Walicheka wote wawili. Lakini siku ya ishirini na nne mama alivaa gauni lake la kazini, akabandika kitambulisho kifuani, akaenda kwa mwenyekiti wa kamati. Mwenyekiti naye alikuwa dereva zamani.

"Saa ile niliiweka mimi," akamwambia. "Mume wangu alikuwa chini ya gari anafunga tairi. Angeiwekaje?"

Mwenyekiti akafunga faili. "Mama, nenda nyumbani. Sijasikia."

"Umesikia."

"Zimebaki siku sitini na kitu. Si zitaisha tu?"

"Mgongo wake utaisha kwanza."

Mwenyekiti akanyoosha mkono juu ya meza. Mama akakibandua kitambulisho, akampa. Alasiri hiyohiyo mume alirudishiwa kibali chake.

Mume alikasirika. Siku tisa hakuzungumza naye ila kwa mambo ya chumvi na funguo. Siku ya kumi alikuja na daftari la kurasa mia mbili na kalamu nne, akaziweka mezani, akatoka nje kuosha gari.

Sasa mama anafagia asubuhi na kuandika mchana, amekaa kwenye ngazi za ukumbi wa nguzo, daftari juu ya goti. Ujira wake wa mwezi mzima haufikii walichokuwa wakibaki nacho kwa meli mbili. Mtihani uko wiki sita mbele. Anayemsahihishia ni Ticha, yuleyule wa bafu la malkia.

"Anajua herufi kubwa na nukta zinapokaa," anasema. "Mimi namwambia tangi ni tangi, ingawa bado anasoma karatasi yake. Tunabadilishana. Nikiongea naenda kama gari kwenye lami. Nikishika kalamu naingia matopeni. Lakini nasogea. Jana nimeandika ukurasa mzima na nusu kuhusu mlango ule wa mawe, na Ticha amechora nyekundu mara kumi na moja tu."

Akifaulu, anataka kurudi kwenye kiti chake cha mbele, kando ya mumewe, msimu ujao. Akishindwa, hatakaa nyumbani. Ataomba tena mwaka unaofuata.

Ukimwomba ahesabu hatua mia tatu zile zimemgharimu nini, haongezi chumvi wala hapunguzi. Meli ishirini na mbili zimekuja na kuondoka bila yeye. Siku ishirini na tatu za saruji kwenye mgongo wa mumewe. Siku tisa za kimya ndani ya vyumba viwili. Na zamu: waongozaji pale bandarini huitwa kuchukua wageni kwa kufuata mwaka wa kitambulisho, mkongwe kwanza, na wako thelathini na mmoja pamoja naye. Alikuwa wa nne. Akifaulu, atakuwa wa thelathini na moja.