Kaseti ya Mugebuka

Sisi wa Kalemie tuliokua na kaseti tulianika mawe ya radio, yaani betri, juani ili yapate nguvu ya wimbo mmoja zaidi. Vijana wa leo wanabeba nyimbo elfu mfukoni na bado wanalalamika hawana cha kusikiliza!

Kaka yangu mkubwa, Yaya Faustin, alikuwa rapa. Alijiita Mugebuka, kama samaki wetu wa ziwani, eti kwa kuwa hashikiki. Studio yake ilikuwa chumba chetu, mablanketi yametundikwa ukutani, radio moja ikipiga mdundo, nyingine ikirekodi. Sisi wadogo tulikatazwa hata kukohoa, na harufu ya ndagala wa kukaanga ikitutesa kutoka jikoni. Nyimbo zake zote, ambazo hazikuwahi kutoka, zilikaa kwenye kaseti moja. Akaivunja meno ya mgongoni ili mtu asirekodi juu yake. Lakini nani hakujua dawa yake? Unatafuna karatasi, unaziba matundu, kaseti inarekodi tena.

Mama, mwimbaji wa kwaya, hakupenda mambo hayo. "Rap njo kazi ya wakora," alisema. Siku moja Yaya akaikuta kaseti yake imezibwa karatasi, na alipoipiga, kwaya ya parokia ikaanza kuimba. Hakungoja wimbo uishe. Aliitupa sandukuni, akaacha rap, na hata alipoota mvi, dereva wa lori huko Kabimba, aliamini Mama alimfuta makusudi. Mama akafariki bila wao kuligusa jambo hilo.

Juzi binti yangu aliihamishia kaseti hiyo kwenye kompyuta, kwa faili nzito isiyobana sauti, si zile nyepesi za kutumiana kwenye simu zinazomeza hata pumzi ya mwimbaji. Tukavaa kaske masikioni, mimi na Yaya. Kwaya ikaimba. Akataka kuvua, nikamshika mkono. Wimbo ukaisha, na kwa mbali, chini ya mchakacho wa utepe, tukamsikia Papa, baba yetu, akimwambia Mama:

"Mama Faustin, hii kaseti si njo ya mutoto?"

"Ya Faustin? Zima! Zima mbio, utafuta sauti ya mutoto wangu!"

Klak. Kisha Mugebuka akaanza kufoka, kijana mbichi, wimbo baada ya wimbo. Yaya alilia na kucheka kwa pamoja. Nami nilishusha pumzi niliyoibana tangu siku zile za kukatazwa kukohoa.

Wazazi wa leo wanawaomba watoto radhi hata kwa chai iliyopoa. Wa kwetu hawakuwa na desturi hiyo. Mama aliamuru radio izimwe, akarudisha kaseti, akaenda kupika. Laiti angesema! Siku hizi Yaya akiniomba nimwekee nyimbo zake, ananikataza kuiruka kwaya.